Siwa Mbili za Malindi na Kordi za Nne na Tano

Jumatano tarehe 18 Aprili 1498, mfalme wa Malindi alishuka baharini kuonana na Vasco da Gama. Mreno yule alikuwa amekataa kutia mguu nchi kavu, kwa hiyo mkutano wao ulifanyika juu ya maji, chombo kwa chombo. Msafiri mmoja wa meli zile, ambaye wanahistoria wengi humtambua kuwa Álvaro Velho, aliandika aliyoyaona: joho la hariri lenye mapindo ya kijani, viti viwili vya shaba vyenye mito, mwavuli wa satini nyekundu, na mzee aliyebeba upanga mfupi ndani ya ala ya fedha. Kisha akawataja wapiga muziki. Walikuwako wapulizaji wengi wa tarumbeta ndefu ambazo Wareno waliziita anafili, na pamoja nao siwa mbili za pembe za ndovu, kila moja ikilingana na kimo cha mtu, zimechongwa kwa ustadi, zikipulizwa kwa tundu la ubavuni. Mwandishi huyo anashuhudia kwamba siwa zile zilipatana na anafili katika mlio.

Habari hii imerudiwa mara nyingi katika vitabu vya historia ya Pwani, na karibu kila mara imerudiwa kwa ajili ya fahari yake: kuonyesha kwamba mfalme wa Malindi hakuwa mtu wa kupokea wageni kinyonge. Ni haki. Lakini ndani yake mna ushahidi mwingine ambao hupitwa mbio, nao ni ushahidi wa muziki. Tumeambiwa ala zilikuwa za aina gani, zilitengenezwa kwa nini, zilikuwa na urefu gani, zilipulizwa wapi, na kwamba sauti zake zilikubaliana. Hayo yanatosha kujenga hoja. Ninadai kwamba muziki uliosikika siku ile katika maji ya Malindi ulisimama juu ya umbali wa nne na wa tano. Kwamba sauti za namna hiyo, zikipangwa moja juu ya nyingine, ni urithi wa kale wa Afrika Mashariki. Na kwamba desturi iliyotufundisha kuziita kosa ilifika pwani hii karne tatu na nusu baadaye, ikiwa ndani ya kitabu cha tenzi za kanisani.

Tuanze na pembe yenyewe. Hewa iliyomo ndani ya siwa haitikisiki apendavyo mpulizaji. Hutikisika ikiwa nzima, au ikagawanyika nusu kwa nusu, au mapande matatu, au manne, na kuendelea hivyo. Kila mgawanyo una sauti yake, na mpulizaji hupanda kutoka mmoja hadi wa pili kwa kukaza midomo tu, kwa sababu siwa haina matundu ya vidole. Kwa solfa anayoijua kila mwanakwaya wa Kenya, tukiita sauti ya chini kabisa do, inayofuata ni do ya juu yake, ya tatu ni so, ya nne ni do nyingine, na ndipo ya tano inapokuja mi. Yaani pembe hutoa kwanza oktavu, halafu umbali wa tano kutoka do hadi so, halafu umbali wa nne kutoka so hadi do. Umbali wa tatu, ule wa do hadi mi ambao ndio nguzo ya tenzi na nyimbo za bendi, huja nyuma ya hizo zote, huko juu ambako pembe kubwa huzungumza kwa taabu. Hesabu yake ni nyepesi: tano ni uwiano wa 3 kwa 2, nne ni uwiano wa 4 kwa 3. Hakuna fundi aliyeubuni uwiano huo. Umo ndani ya kila bomba lililo wazi, liwe la pembe, la shaba au la mti.

Sasa siwa zilikuwa mbili, na hapo ndipo jambo linapokolea. Tuseme moja imesimama kwenye do na ya pili kwenye so. Ya kwanza itatoa do na so; ya pili itatoa so, na tano yake, ambayo ni re. Zikipulizwa pamoja tunapata do, so, re: tano mbili zilizopangwa moja juu ya nyingine. Zigeuze, ukiiweka re chini na do juu, upate re, so, do: nne mbili zilizopangwa. Tuseme ya pili haikusimama kwenye so bali kwenye fa. Tunapata fa, do, so, ambayo ni safu ileile ya tano mbili. Vyovyote vile, mradi siwa hizo zimeachana kwa nne au kwa tano, kordi ya namna hiyo hujitokeza yenyewe bila mtu kukaa chini na kuipanga. Na zikiwa zimelingana kabisa, zote kwenye do, basi husikika do na so tupu, yaani tofali la kwanza la jengo lilelile.

Msomaji makini atapinga. Kitabu cha safari hakitaji noti hata moja. Siwa moja ingeweza kusimama kwenye do na nyingine kwenye mi, na hapo tungekuwa na umbali wa tatu, si wa tano. Pingamizi hili ni zito na linastahili jibu kamili. Mabomba mawili yasiyo na matundu hupatana pale yanapokutana kwenye sauti moja inayotoka katika yote mawili. Pembe ya do na pembe ya so hukutana mapema sana: sauti ya tatu ya ile ya kwanza ndiyo sauti ya pili ya ile nyingine. Pembe ya do na pembe ya mi hazikutani mpaka sauti ya tano ya moja na ya nne ya nyingine, mbali juu. Fundi anayezilinganisha pembe kwa sikio, bila kipimo kingine chochote, ataongozwa na mkutano wa kwanza, kwa kuwa ndio unaosikika wazi. Tena siwa hazikupatana zenyewe kwa zenyewe tu. Zilipaswa kupatana na anafili nyingi, ambazo nazo ni mabomba yanayofuata ngazi ileile. Kadiri mabomba yanavyozidi kuwa mengi, ndivyo nafasi ya umbali wa tatu inavyozidi kuwa finyu. Sisemi haikuwezekana, nasema njia ya nne na tano ilikuwa pana na ya karibu, na ile nyingine ilikuwa ya mbali.

Wapo pia watakaosema kwamba jino la ndovu limepinda na upana wake hauongezeki sawasawa, kwa hiyo sauti zake haziwezi kufuata hesabu kamili. Ni kweli, na ndiyo sababu sauti ya chini kabisa ya pembe nyingi huwa na kasoro kidogo ikilinganishwa na zile za juu yake. Lakini kasoro hiyo haiigeuzi tano kuwa tatu. Jambo hili, kwa bahati njema, si la kubishaniwa hewani. Siwa ya pembe ya Pate na siwa ya shaba ya Lamu zimehifadhiwa hadi leo, zote mbili ni za kupuliziwa ubavuni, na marehemu James de Vere Allen alikwisha kuziandikia mwaka 1976. Aliandika juu ya uchongaji wake, nasaba zake na madaraka yaliyoambatana nazo. Kinachostahili kufuata ni mwanamuziki mwenye kipimo, apime upana wa ndani wa kila siwa kutoka tundu hadi mdomo mpana, kisha azipige mbele ya chombo cha kunasia sauti. Hiyo ni kazi ya siku chache tu kwa chuo kikuu kimojawapo cha pwani.

Inafaa tukumbuke masikio ya yule aliyeandika yalitoka wapi. Ulaya nayo ilikuwa imewahi kuimba kwa nne na tano. Kitabu kiitwacho Musica enchiriadis, cha mwishoni mwa karne ya 9, kinaeleza waziwazi jinsi ya kuimba sauti ya pili sambamba na ya kwanza kwa umbali wa nne au wa tano, na huo ndio mwanzo wa kuandikwa kwa uimbaji wa sauti nyingi katika makanisa ya huko. Lakini kufikia karne ya 15 ladha ilikuwa imebadilika. Mwaka 1477, miaka 21 tu kabla ya Wareno kutia nanga Malindi, mwananadharia Johannes Tinctoris alimaliza kitabu chake cha kanuni za kuunganisha sauti, na mojawapo ya kanuni hizo inakataza tano kufuatana na tano. Umbali wa tatu na wa sita ukapewa kiti cha mbele. Nne ikahesabiwa kuwa sauti isiyotulia ikikaa peke yake juu ya besi. Kwa hiyo Mreno wa 1498 alitoka katika nchi zilizokuwa zikiufunga mlango huo. Hata hivyo alipousikia ukiwa wazi hapa Malindi hakuandika kwamba ni makelele. Aliandika kwamba ala zile zilikubaliana. Ushahidi wa mgeni asiye na sababu ya kusifia una uzito wake.

Ushahidi wa pili unatoka kwenye nyuzi. Udi, ambao ndio mama wa taarabu, hulinganishwa kwa umbali wa nne kutoka uzi hadi uzi. Al-Kindi aliuandika mpango huo Baghdad katika karne ya 9 akieleza udi wa nyuzi nne. Al-Farabi na Ibn Sina wakaendeleza nadharia juu ya msingi huohuo. Kibangala cha Lamu, ndugu yake gambusi wa Yemen, kilifuata desturi hiyo. Pale Sultani Barghash, aliyetawala Unguja kuanzia 1870 hadi 1888, alipomtuma Mohamed Ibrahim kwenda Misri kujifunza muziki, aliyarudisha maarifa yaliyojengwa juu ya nyuzi zinazoachana kwa nne. Pitisha kidole juu ya nyuzi za udi bila kubonyeza chochote, na kinachosikika ni safu ya nne juu ya nne: la, re, so, do. Mpiga udi wa pwani ameishi na sauti hiyo kila anapokaza vigingi vyake kabla ya kuanza, iwe Unguja, Mombasa au Malindi, mji aliozaliwa mwimbaji wa taarabu Juma Bhalo mwaka 1942.

Hapa kuna pingamizi ambalo sitalikwepa. Taarabu haina kordi. Udi, fidla, kanuni na mwimbaji hufuata mkondo mmoja wa wimbo, kila mmoja akiupamba kwa namna yake, na uzuri wote umo katika kupishana huko kwa karibu. Anayedai kwamba mpiga udi anapanga kordi za nne anamsingizia. Mimi sidai hivyo. Ninachosema ni kwamba mifupa ya muziki huo ni nne: makamu, yaani ngazi za noti za muziki huo, hujengwa kwa vipande vya noti nne ambavyo ncha zake huachana kwa umbali huo, na sikio lililolelewa ndani yake huisikia nne kuwa mahali pa kutulia, penye nyumba. Kwa sikio la kitabu cha tenzi, nne inangoja kutatuliwa, ishuke kwenye tatu ndipo moyo upoe. Tofauti hii ya kusikia ndiyo kiini cha habari yote, na inaonyesha kwamba hakuna sheria ya maumbile inayoamuru nne iwe na wasiwasi.

Ushahidi wa tatu, na kwangu ndio mzito kuliko wote, ni wa sauti za watu. Pembe na udi vingeweza kuwa mambo ya ikulu na ya wenye nafasi; kuimba ni kwa kila mtu. A. M. Jones, mmisionari aliyefanya kazi Zambia kabla haijapata jina hilo na baadaye akafundisha London, alichapisha mwaka 1959 kitabu chake Studies in African Music. Humo aliyagawa makabila ya Afrika katika makundi mawili: wanaopatanisha sauti kwa oktavu, tano na nne, na wanaopatanisha kwa tatu. Ramani yake ilikuwa msaada mkubwa, lakini iliacha swali: kwa nini hawa hivi na wale vile? Jibu bora lilitoka kwa Gerhard Kubik, mtafiti wa Austria aliyezunguka Afrika Mashariki tangu miaka ya mwanzo ya 1960. Alionyesha kwamba kanuni ni moja, na inahusu skeli. Mwimbaji wa pili haanzi kwa kusema, nitaimba nne au nitaimba tatu. Anachofanya ni kuruka noti moja ya skeli yao na kuishika ile inayofuata. Kitakachotoka hutegemea skeli yenyewe.

Jaribu kanuni hiyo kwa skeli ya noti tano, iliyoenea mno katika nyimbo za Afrika Mashariki: do, re, mi, so, la. Kutoka do ukiruka re unafika mi, umbali wa tatu. Kutoka re ukiruka mi unafika so, nne. Kutoka mi ukiruka so unafika la, nne. Kutoka so ukiruka la unafika do, nne. Kutoka la ukiruka do unafika re, nne. Katika jozi tano, nne zina umbali wa nne na moja tu ina umbali wa tatu. Sasa mruhusu mwimbaji wa tatu aingie naye kwa kanuni ileile, akiruka noti moja juu ya mwenzake. Zinatoka kordi tano, na tatu kati yake ni safu halisi za nne: re, so, do; mi, la, re; na la, re, so. Mbili zilizobaki zinachanganya nne na tatu. Wale wanaosema kwamba sauti mbili zinazoachana kwa nne si kordi bali ni jozi tu, na kwamba kupanga nne juu ya nne ni kazi ya wasomi wa karne ya 20, wana jibu lao hapa. Watatu wakiimba pamoja kwa desturi ya kuruka, kordi hizo hutokea zenyewe, bila penseli wala karatasi.

Kielelezo kinachojulikana zaidi ni Wagogo wa Dodoma. Kwaya zao huimba kwa nne na tano kwa uwazi ambao umewavuta wanamuziki kutoka pande zote za dunia, na Hukwe Zawose, aliyefariki mwaka 2003 baada ya miaka mingi ya kufundisha na kupiga muziki Bagamoyo, aliupeleka mlio huo katika majukwaa ya Ulaya na Asia. Skeli ya Wagogo haikutoka kwenye kitabu. Inafuata sauti za uta wa muziki na za mabomba, zile za juu kidogo katika ngazi tuliyoieleza kwa siwa. Mtu atasema Dodoma ni mbali na Malindi, na Wagogo si Wamijikenda wa pwani. Ni kweli, wala sisemi mmoja alijifunza kwa mwingine. Ninasema kwamba sababu zikiwa zilezile, mabomba, uta, skeli ya noti chache na desturi ya kuruka noti, matokeo hayahitaji kusafirishwa. Hata hivyo tusisahau kwamba barabara ya misafara kutoka Tabora hadi Bagamoyo ilipita Ugogo, na kwamba wapagazi waliimba njia nzima. Pwani na bara hazikuwa visiwa viwili.

Nini kilitokea baadaye Malindi? Mji ule haukudumu katika hali yake. Baada ya Mombasa kushindwa, Wareno walimhamisha mtawala wa Malindi akakalie kiti cha Mombasa, na mwaka 1593 wakaanza kujenga Ngome ya Yesu. Malindi ikabaki nyuma, ikafifia, hadi Sultani Majid alipoifufua miaka ya mwanzo ya 1860 kwa mashamba ya nafaka yaliyolimwa na watumwa. Mwenye kutaka kuiangusha hoja yangu anaweza kusema kwamba mnyororo ulikatika: wapulizaji wa 1498 hawakuacha wanafunzi. Lakini siwa hazikuishia Malindi. Ziliendelea kupulizwa Pate na Lamu, na Unguja Mwinyi Mkuu alikuwa nazo pamoja na ngoma zake za enzi. Tena nguvu ya hoja haikai juu ya ukoo mmoja wa wapulizaji. Wamijikenda walibaki katika kaya zao na vijiji vyao nyuma ya mji, na mabaragumu yao hayana namna ya kutoa ngazi nyingine.

Badiliko kubwa lilianza mwaka 1846, pale Johann Ludwig Krapf na Johannes Rebmann walipofungua misheni Rabai, ambayo leo imo katika Kaunti ya Kilifi. Mwaka 1862 Wamethodisti wakaja Ribe, si mbali na hapo, na katika miaka ya 1870 kikaanzishwa kijiji cha Freretown upande wa bara wa Mombasa kwa ajili ya watu waliokombolewa utumwani. Pamoja na Injili, kusoma na kuandika, zikaja tenzi za sauti nne: soprano, alto, tena na besi. Nisieleweke vibaya. Kwa watu walionyang'anywa kwao, kusimama pamoja na kushika sauti yako katika kwaya kulikuwa jambo la heshima, na kwaya zilizozaliwa huko zimeipa Kenya uimbaji wenye nguvu. Ila tenzi hizo zilikuja na sheria zake. Kila kordi ilijengwa kwa tatu juu ya tatu: do, mi, so. Tano mbili kufuatana ilikuwa kosa la kusahihishwa kwa wino mwekundu. Nne iliyosimama peke yake juu ya besi ilikuwa kosa jingine. Kanuni aliyoiandika Tinctoris kwa ladha ya watu wa zama zake ikafundishwa kwa watoto wa Rabai kana kwamba imeshuka pamoja na Amri Kumi, na mwanafunzi wa muziki wa sekondari aliyepitia mtihani wa harmonia ya sauti nne bado anaijua adhabu yake.

Laiti sheria hiyo ingetangazwa kuwa desturi ya mahali fulani na wakati fulani, kusingekuwa na neno. Na hao waliotunga sheria ndio walioiacha kwanza. Mwaka 1906 Arnold Schoenberg wa Vienna alimaliza simfonia yake ya kwanza ya chumbani, na karibu na mwanzo wake panasikika mlio unaopanda kwa nne, hatua kwa hatua. Ala aliyoipa kazi hiyo ni honi, yaani pembe. Mwaka 1911 akachapisha kitabu chake cha harmonia akatenga sura ya kordi zinazojengwa kwa nne, na Claude Debussy naye alikuwa tayari akizipeleka tano sambamba bila kuomba radhi. Nusu karne baadaye McCoy Tyner alizifanya nne kuwa lugha ya kinanda katika kundi la John Coltrane, wakati uleule ambao Coltrane alikuwa akiisikiliza Afrika na kuipa santuri yake ya 1961 jina la bara hilo. Vitabu vingi vya nadharia vinaeleza haya kama ugunduzi wa Ulaya na Marekani wa karne ya 20. Ushahidi wa pwani na wa bara unasema vingine: walichofanya akina Schoenberg ni kurudi kwenye nyumba ambayo Wagogo hawakuwahi kuihama.

Wakati huo Kenya ilikuwa ikitafuta wimbo wake. Mwaka 1963 kamati ya watu watano, Graham Hyslop, George Senoga-Zake, Peter Kibukosya, Washington Omondi na Thomas Kalume, mchungaji wa Kianglikana ambaye baadaye alikuwa mbunge wa Malindi Kaskazini, ilichukua wimbo wa kubembelezea mtoto wa Wapokomo wa Mto Tana na kuufanya wimbo wa taifa. Uamuzi wa kuchukua wimbo wa wenyeji badala ya kuagiza mpya ulikuwa wa busara kubwa, na ni fahari ya pwani hii. Lakini wimbo uliotoka Tana ulivikwa kordi za tatu, kwa utaratibu wa bendi ya shaba na wa kitabu cha tenzi. Mtu atasema haingewezekana vinginevyo: wimbo wa taifa ulipaswa kupigwa na bendi ya jeshi, kuimbwa shuleni na kwenye mikutano, na wanakwaya wote wa nchi walikuwa wamelelewa kwa tatu. Nakubali. Kwa siku ile na kwa kazi ile, wanakamati walichagua lugha ambayo taifa zima lingeielewa papo hapo.

Nisichokubali ni kwamba chaguo la 1963 liwe amri kwa kila wimbo wa Kigiriama, wa Kichonyi au wa Kipokomo unaopangwa leo kwa ajili ya kwaya na tamasha za muziki za shule. Mwalimu mwenye wimbo wa noti tano mkononi hahitaji kuulazimisha ubebe mi chini ya so pale ambapo skeli yenyewe inadai re. Sauti ya tena ishike la, alto re, soprano so, na besi ikitakiwa irudie la chini yao: hiyo ni kordi kamili, imetulia, na waimbaji wataishika kwa wepesi kwa kuwa kila noti tayari imo ndani ya wimbo wanaoujua. Sauti zote zikipanda pamoja hatua moja ya skeli, mara nyingi nne zitafuata nne. Mtahini akiuliza, aelezwe kwamba Wagogo huimba hivyo, kwamba kitabu cha karne ya 9 kinafundisha hivyo, na kwamba hakuna baragumu katika Kaunti ya Kilifi linaloweza kufanya vinginevyo.